Mtambo wa Arobaini na Moja

Bwana wa makumbusho amenipigia simu tena.
Anataka orodha: filamu ngapi, miaka ipi, tuzo zipi.
Nimemwambia Halszka hakuacha orodha.
Aliacha makopo kumi na tisa ya biskuti,
na ndani yake vipande vya utepe, vingine vifupi kama kidole,
vimeandikwa kwa penseli:
*mlango wa Jumanne,*
*jirani akikohoa kabla ya kugombana,*
*theluji (haikusikika).*

Mimi nilikuwa mbeba mashine.
Kilo kumi na mbili, mkanda ukinila bega,
Łódź nzima, barabara kwa barabara,
yeye mbele na maikrofoni ndani ya soksi ya sufu
kama mtu anayemtembeza paka mgonjwa.

Filamu ya kwanza ilikuwa ya Drobnik:
dakika saba za ukuta unaobanduka rangi.
Drobnik aliomba fidla.
Halszka akampa bomba la joto la ghorofa ya tatu,
kalipunguza mwendo hata likaguna
kama ng'ombe anayezaa.
Drobnik akatoka, akavuta sigara tatu, akarudi.
"Debe tupu haliachi kuvuma," akasema.
"Lako limejaa," akajibiwa,
"ndiyo maana halitoi kitu."
Walifanya kazi pamoja miaka kumi na minne.

Karani wa ukaguzi naye alimwita ofisini.
Mngurumo huu ni wa nini?
Wa jokofu.
Na jokofu linapinga nini?
Joto, mheshimiwa.
Akagonga muhuri. Nje, kwenye ngazi,
Halszka alinishika mkono, na mkono wake ulikuwa barafu.

Kodi ya nyumba ililipwa na matangazo ya sabuni.
Hayo usiyaandike.
Au yaandike: povu lile lilikuwa karatasi
aliyoikunjakunja sikioni mwangu usiku kucha
hadi nikasikia maji.

Sasa nikueleze habari ya mama yake.
Leokadia alifuma pamba miaka thelathini na mmoja.
Mitambo ilimlipa mshahara, ikakata masikio.
Hakuwahi kusikia kazi hata moja ya bintiye.
Alimuuliza kwa sauti kubwa, kila Krismasi, mbele ya wageni:
"Na wewe, siku hizi unafanya nini hasa?"

Kiwanda kilipokaribia kufungwa tuliingia zamu ya usiku,
tukalala chini kati ya mafuta na vumbi la pamba,
tukanasa mitambo mmoja mmoja.
Kinga, mwanafunzi wake, akapiga picha: uzi mweupe,
uzi mweupe, kisha mkono.
Ikaonyeshwa Februari, ukumbi baridi,
watu ishirini na watatu, makoti hayakuvuliwa.

Leokadia aliketi safu ya pili,
viganja vyake juu ya mbao za kiti cha mbele.
Dakika ya tisa akasimama,
akapaza sauti wanavyopaza wasiojisikia:
"Arobaini na moja huo! Mkanda umelegea!
Nilimwambia fundi! Nilimwambia!"

Mtu mmoja akacheka. Wengine wakageuka.
Halszka hakugeuka. Aliniomba daftari,
akafungua ukurasa wa usiku ule,
akaniwekea kidole kwenye namba.

Baada ya hapo hakuniuliza tena kama nimesikia.
Aliniuliza wapi: mbavuni? gotini? kwenye meno?
Akashusha spika zote sakafuni.
Wakosoaji wakaandika kurasa juu ya nadharia yake.
Jiji likampa tuzo ya kioo; aliitumia kuzuia mlango.

Basi bwana, makopo utayapata kumi na nane.
La kumi na tisa lina kipande kimoja tu:
*Mama, ngazi, mifuko ya viazi.*
Mashine imekufa, siwezi kukicheza.
Huwa nakipitisha polepole kati ya vidole,
nikifika kwenye kiungo cha gundi
najua amesimama ghorofa ya pili
kupumzika.